Karatasi Kwanza, Mzigo Baadaye: Kufungua Faili za Nyota kwa Astropy

Kontena likishuka Kilindini, hapewi mtu ruhusa ya kulifungua kabla karatasi zake hazijasomwa. Ndani mna nini, vipande vingapi, vimepimwa kwa kilo au kwa tani, vimepakiwa bandari gani na lini. Bila karatasi hizo, kontena ni bati lililojaa vitu visivyo na mwenyewe. Hiyo ndiyo kazi yangu ya mchana, kutoa mizigo. Jioni, nikishavuka feri kurudi Likoni, nashika faili za wanafalaki, na nimeona kwamba tabia ile ile ndiyo inayomfaa mtu anayetaka kuzielewa: soma karatasi kwanza.

Mpwa wangu ndiye aliyenifanya niandike mwongozo huu. Amemaliza kidato cha nne, anajua Python kiasi cha kuandika kitanzi na kuchapisha jibu, na anapenda nyota. Kila faili aliyopakua alikuwa anakimbilia picha, kichwa cha faili, yaani maandishi ya mwanzo yanayoeleza kilichomo, anakiruka. Basi haya ni yake, na ya yeyote mwenye laptopu ya kawaida na hamu ya kujua.

Faili yenyewe

Data nyingi za falaki huhifadhiwa kwa muundo uitwao FITS. Muundo huu ulielezwa mwaka 1981 na Wells, Greisen na Harten, na mwaka 1982 Umoja wa Kimataifa wa Falaki ukaupitisha. Siku zile data ilisafiri kwa mikanda ya sumaku, na kompyuta za taasisi mbalimbali zilihesabu kwa njia tofauti. Ndiyo maana kila kitu ndani ya FITS hukatwa vipande vya baiti 2880: namba hiyo iligawanyika sawasawa kwenye mashine karibu zote za wakati ule, na pia ni sawa na mistari 36 yenye herufi 80 kila mmoja. Mistari hiyo huitwa kadi.

Kanuni ninayoiheshimu kuliko zote ni hii: muundo unaweza kuongezewa mambo mapya, lakini hakuna nyongeza inayoruhusiwa kuifanya faili ya zamani isiwe halali. Faili iliyoandikwa sawasawa miaka arobaini iliyopita inafunguka leo. Maktaba ya Vatican iliona thamani ya jambo hilo, ikachagua FITS kuhifadhia picha za miswada yake ya kale. Kila nikikumbuka miswada ya tenzi iliyoandikwa kwa hati ya Kiarabu hapa Pwani, inayoliwa na mchwa na unyevu wa bahari ndani ya masanduku ya watu, natamani sana ipate hifadhi ya aina hiyo.

Kuandaa kompyuta

Maktaba ya programu tutakayotumia ni Astropy. Mradi wake ulianza mwaka 2011, pale waandishi wa programu za falaki kwa Python walipoamua kuacha tabia ya kila mtu kujenga kibanda chake. Sehemu inayoshughulikia FITS ilitoka kwenye PyFITS, maktaba iliyotengenezwa Space Telescope Science Institute, taasisi inayoendesha kazi za kisayansi za darubini ya Hubble. Ni programu huria yenye leseni ya BSD: unaitumia, unaifungua, unaibadilisha, hulipi. Anayeandika kwa lugha ya C atafute CFITSIO ya NASA. Ni imara sana, ila kwa anayeanza naona Python ni njia fupi zaidi.

Fungua terminali uandike:

```
python3 -m venv nyota
source nyota/bin/activate
pip install astropy matplotlib
```

Kwenye Windows mstari wa pili ni `nyota\Scripts\activate`.

Kama bando lako ni dogo, tafuta mahali penye intaneti nzuri, uandike `pip download astropy matplotlib -d mzigo`, unakili folda ya `mzigo` kwenye flashi, kisha ukifika nyumbani:

```
pip install --no-index --find-links mzigo astropy matplotlib
```

Kompyuta zote mbili ziwe na mfumo mmoja na toleo moja la Python, la sivyo vifurushi vitakataa.

Sasa tupate faili ya mazoezi. Astropy hutoa picha ya Nebula ya Kichwa cha Farasi, wingu jeusi lililo karibu na ukanda wa kundi la nyota la Orioni. Wingu hilo liliwahi kutambuliwa mwaka 1888 na Williamina Fleming, kwenye bamba la kioo la kamera ya Harvard. Picha yetu pia ilitokana na bamba la kioo lililokuja kuskaniwa, na faili haifiki megabaiti 2.

```
from astropy.utils.data import get_pkg_data_filename
import shutil
njia = get_pkg_data_filename('tutorials/FITS-images/HorseHead.fits')
shutil.copy(njia, 'farasi.fits')
```

Kusoma kichwa kwa macho yako

Kabla ya kuigusa Astropy tena, fanya jambo moja ambalo namlazimisha kila mtu ninayemfundisha. Toka kwenye Python, rudi kwenye terminali ya Linux au Mac, uandike:

```
head -c 2880 farasi.fits | fold -w 80
```

Amri hii inachukua baiti 2880 za kwanza na kuzikata kila herufi 80. Utaona maandishi ya kawaida kabisa. Hakuna siri ndani yake, na hakuna programu ya kununua. Hizo ni kadi 36 za mwanzo. Kichwa cha faili hii kina zaidi ya 150, kwa hiyo ongeza namba iwe 14400 ukitaka kukifikia kikomo chake, mahali palipoandikwa `END`.

Kadi ya kwanza ni `SIMPLE = T`, yaani faili inafuata kanuni. Ya pili, `BITPIX`, inasema kila namba imechukua biti ngapi: 8, 16, 32 au 64 kwa namba kamili, na -32 au -64 kwa namba zenye desimali. Yetu ni 16. `NAXIS` ni 2, maana yake picha ina upana na urefu, kisha `NAXIS1` ni 891 na `NAXIS2` ni 893. Kwa kadi hizi chache tu, mtu mwenye penseli anaweza kujua ukubwa wa mzigo uliofuata: 891 mara 893 mara baiti 2. Zidisha mwenyewe, halafu linganisha na ukubwa wa faili.

Endelea kushuka. `DATE-OBS` ni wakati picha ilipopigwa, `TELESCOP` ni darubini, `EXPOSURE` au `EXPTIME` ni muda ambao mwanga uliachwa uingie. Saa za `DATE-OBS` kwa kawaida ni za UTC, saa ya kimataifa. Sisi tuko saa tatu mbele yake, kwa hiyo 18:00 ya kichwa ni 21:00 ya Mombasa, yaani saa tatu usiku. Mpwa wangu sasa hivi huandika saa zote mbili pembeni mwa daftari lake, na nampongeza.

Kufungua kwa Astropy

```
from astropy.io import fits

fits.info('farasi.fits')

with fits.open('farasi.fits') as faili:
    kichwa = faili[0].header.copy()
    picha = faili[0].data.copy()

print(kichwa['NAXIS1'], kichwa.get('DATE-OBS'))
print(picha.shape, picha.min(), picha.max())
```

`fits.info` inakuonyesha faili ina vyumba vingapi. Hii ina viwili: cha kwanza picha, cha pili jedwali dogo. Faili za Hubble huwa na zaidi, na mara nyingi chumba namba 0 hakina picha yoyote, kina kichwa tu. Picha iko namba 1. Ukipata `None` pale ulipotarajia picha, angalia `info` tena, ufungue chumba kinachofuata.

Nimeweka `.copy()` kwa sababu. Astropy haipakii faili nzima kwenye kumbukumbu mara moja. Huacha data kwenye diski na kuisoma inapohitajika. Hilo ni jema kwa laptopu zetu, ila ukiifunga faili kabla ya kuigusa data, unaweza kushangazwa na kosa. Nakala inakutoa kwenye shida hiyo. Kwa faili kubwa mno acha `.copy()`, ufanye kazi yako ndani ya `with`.

Mstari wa mwisho unapaswa kukupa `(893, 891) 3759 22918`. Tazama mpangilio: kichwa kilisema 891 kwanza, Python imesema 893 kwanza. Python huhesabu mistari kabla ya safu wima, na huanza na 0 wakati FITS huanza na 1. Kwa hiyo pikseli ambayo makala ya kisayansi inaiita (x=100, y=200) wewe unaiandika `picha[199, 99]`. Liandike hili mahali unapoliona kila siku.

Kuonyesha picha:

```
import matplotlib.pyplot as plt
from astropy.visualization import ImageNormalize, ZScaleInterval

kipimo = ImageNormalize(picha, interval=ZScaleInterval())
plt.imshow(picha, cmap='gray', norm=kipimo, origin='lower')
plt.colorbar()
plt.show()
```

Kwa nini `ZScaleInterval`? Kijana wangu alipakua picha nyingine iliyopigwa na kamera ya kisasa ya darubini, akaifungua bila hicho kipimo, akanigeukia: "Mjomba, mbona ni kiza kitupu?" Data ilikuwemo yote. Nyota mbili tatu kali zilikuwa na thamani kubwa mno, na rangi zote zikagawiwa kufuata hizo, kila kitu kingine kikabaki cheusi. ZScale hutazama namba zilizo nyingi, zile za anga ya kawaida, na kupanga weupe na weusi kuzunguka hizo. Namba za faili hazibadiliki. Kinachobadilika ni unavyoziona. Na `origin='lower'` inaiweka pikseli ya kwanza chini kushoto, kama desturi ya FITS; ukiisahau, picha itasimama kichwa chini.

Orodha ya Uhuru

Hapa ndipo moyo wangu ulipo. Tarehe 12 Desemba 1970, kutoka jukwaa la San Marco lililosimama baharini kaskazini ya Malindi, Waitaliano wakiongozwa na Luigi Broglio walirusha roketi ya Scout iliyobeba setilaiti ya NASA. Ilikuwa ya kwanza duniani kujengwa kwa ajili ya kutazama anga kwa eksirei peke yake. Siku ile Kenya ilikuwa inatimiza miaka saba ya uhuru, na Marjorie Townsend, aliyesimamia mradi huo NASA, akaipa jina Uhuru. Eksirei za nyota hazipiti hewa ya dunia, kwa hiyo hakuna njia ya kuziona ila kupanda juu. Na kurushia karibu na ikweta kuliiweka setilaiti kwenye njia iliyoepuka sehemu kubwa ya mionzi inayoizunguka dunia. Riccardo Giacconi, aliyekuwa kiongozi wa kisayansi, alipewa Tuzo ya Nobel mwaka 2002 kwa kazi yake ya eksirei za anga. Chombo kilichobeba neno letu kiliondokea mwambao wetu, na watoto wengi wa Mombasa hawajasimuliwa habari hiyo. Nataka waisome wakiwa wameishika data yenyewe.

Orodha ya nne ya Uhuru, iitwayo 4U, ilitolewa mwaka 1978 ikiwa na vyanzo 339. HEASARC, ghala la data za nishati kubwa la NASA, inaitoa bure. Fungua ukurasa wao wa kutafutia uitwao Browse, tafuta jedwali `uhuru4`, omba mistari yote, na kwenye aina ya matokeo chagua FITS. Ihifadhi kwa jina `uhuru4.fits`.

```
from astropy.table import Table

t = Table.read('uhuru4.fits', hdu=1)
print(len(t))
print(t.colnames)
t.info()
```

Karatasi kwanza, hata kwenye jedwali. `colnames` itakupa majina ya safu wima, na `info` itakuonyesha vipimo vya kila safu. Angalia herufi kubwa na ndogo: `Table` huzitofautisha, ingawa kichwa cha FITS hakizitofautishi. Mimi hapa naandika `ra` na `dec`. Kama kwako zimetoka `RA` na `DEC`, badilisha.

Sasa tuulize swali la mtu wa Mombasa: saa tatu usiku, katikati ya Septemba, vyanzo gani vya Uhuru viko juu ya upeo wetu?

```
from astropy.coordinates import SkyCoord, EarthLocation, AltAz
from astropy.time import Time
import astropy.units as u

mombasa = EarthLocation(lat=-4.05*u.deg, lon=39.67*u.deg)
saa = Time('2025-09-15 18:00')      # UTC; kwetu saa tatu usiku

mahali = SkyCoord(t['ra'], t['dec'], unit='deg')
angani = mahali.transform_to(AltAz(obstime=saa, location=mombasa))

t['mwinuko'] = angani.alt.deg
juu = t[t['mwinuko'] > 0]
juu.sort('mwinuko')
print(juu)
```

Mara ya kwanza Astropy inaweza kupakua jedwali dogo la mzunguko wa dunia, basi intaneti iwe karibu.

Tafuta 4U 1956+35. Hicho ndicho Cygnus X-1, chanzo ambacho uchunguzi wa Uhuru ulisaidia kukifanya kiwe cha kwanza kuaminiwa kwa nguvu kuwa ni shimo jeusi. Usiku huo kiko upande wa kaskazini, nyuzi kama 50 kutoka upeo. Huwezi kukiona kwa jicho, lakini ukisimama Mama Ngina ukaelekea mjini, bahari ikiwa mgongoni, unaweza kunyoosha mkono kuonyesha kilipo.

Namba zilizo kwenye jina lake ni mahali: saa 19 na dakika 56, nyuzi 35 kaskazini. Ukilinganisha na safu ya `ra` hazitalingana kabisa, kwani mhimili wa dunia huyumba polepole, na jina lilitolewa kwa vipimo vya mwaka 1950. Thibitisha:

```
zamani = SkyCoord('19h56m00s +35d00m00s', frame='fk4')
print(zamani.icrs.to_string('hmsdms'))
```

Itasogea hadi karibu na saa 19 na dakika 58. Faili yoyote ya zamani, tafuta kwenye kichwa neno `EQUINOX` au `RADESYS` kabla ya kuamini mahali pa nyota.

Kuandika faili yako

Usiandike juu ya faili ya asili. Kila ulichokifanya kiandike ndani ya kichwa, ili atakayeipokea asilazimike kukupigia simu.

```
import numpy as np

mpya = (picha - np.median(picha)).astype('float32')
kichwa['MAHALI'] = ('Likoni', 'faili ilichakatwa hapa')
kichwa.add_history('Thamani ya kati (median) ya pikseli zote imeondolewa')
fits.writeto('farasi_safi.fits', mpya, kichwa, checksum=True)
```

Jina la kadi lisizidi herufi 8. Ukizidisha, Astropy itakuonya na kuliandika kwa njia ambayo programu nyingine huenda zisiisome. Kichwa hakipokei herufi nje ya zile za kawaida za ASCII, na hapo Kiswahili kiko salama, hakina vitone wala mikwaju juu ya herufi. `astype('float32')` inapunguza faili nusu. Bila hiyo kila pikseli itachukua baiti 8. Jedwali la Uhuru nalo linahifadhiwa kwa `juu.write('uhuru_mombasa.fits')`.

Faili zikishakuwa nyingi, usizifungue moja moja. Astropy huja na amri za terminali:

```
fitsheader -f -k OBJECT -k DATE-OBS *.fits
fitsdiff farasi.fits farasi_safi.fits
fitscheck farasi_safi.fits
```

Ya kwanza inatoa jedwali la kadi ulizotaja kwa kila faili iliyo kwenye folda. Ya pili inasema faili mbili zinatofautiana wapi, kadi kwa kadi na pikseli kwa pikseli. Ya tatu inakagua jumla ya uhakiki uliyoiandika kwa `checksum=True`; faili ikiwa imeharibika njiani, kwenye flashi mbovu au upakuaji uliokatika umeme ulipozimika, itakuambia. Na kama umetumiwa faili ya `.fits.gz`, iache hivyo hivyo ilivyofungwa: `fits.open` inaisoma moja kwa moja, nawe umeokoa nafasi kwenye diski.